Mwana wa Hawa

Chovai, Jumanne. Jua kali tangu asubuhi, upepo hakuna. Sina hamu ya kula wala ya kusema na mtu.

Leo tumemzika Baba. Alifia Kismayo jana, na wosia wake ulikuwa mmoja tu: azikwe kisiwani Chovai, alikozaliwa. Boti ya injini ikatuleta asubuhi. Niliotarajia watupokee hawapo. Wengine wamekufa, wengine walikimbilia Kenya wakati wa vita na hawakurudi. Wavuvi waliomchimbia kaburi hawakumjua.

Mimi ndiye bintiye, sina ndugu. Wanaume walipoondoka na jeneza nilibaki na wanawake nyumbani kwa mmoja wao, kama ilivyo ada.

Mara mzee mmoja akarudi kutoka makaburini, anahema, akasimama nje ya mlango. Walikuwa wamefika kwenye talakini, maneno anayosomewa maiti kaburini, na hapo huitwa kwa jina la mamake.

"Mwanangu, mamake akiichwa nani?"

Mamake Baba.

Mimi nilimwita Bibi tu. Alikufa nikiwa mdogo, na jina lake sikuwahi kuliuliza.

Lakini niulize mababu wa jirani yetu wa Kismayo, Msomali! Kumi, mmoja baada ya mwingine, bila kukwama. Wakati wa vita Baba alinikaririsha kila siku niyataje kama ya kwetu, nikikosea ananichapa. Kwenye vizuizi vya barabarani wenye bunduki waliuliza ukoo kwanza, na Mbajuni kama sisi hakuwa na ukoo wa kumtetea. Majina ya kwetu hakunifunza. Aliogopa yasije yakanitoka mdomoni mahali pabaya.

Majina yale yaliniokoa, tena mara mbili. Hata hivyo leo nimemkasirikia Baba akiwa ndani ya sanda yake. Mungu anisamehe.

"Silijui, Ami," nikamwambia yule mzee.

Hakunilaumu. Afadhali angenilaumu.

"Mchu asojulikana mamake huwa mwana wa Hawa," akasema, akarudi makaburini.

Hawa, mama wa wanadamu wote. Ndivyo wanavyozikwa hapa maiti wanaotupwa pwani na bahari, wasiojulikana watokako. Baba alizaliwa hatua chache kutoka kaburi lile.

Kesho kabla boti haijaondoka nitapita nyumba kwa nyumba, nimtafute hata ajuza mmoja anayemkumbuka Bibi. Nikipata jina, nitakwenda kaburini nimwite Baba upya.

Nikilikosa, basi Baba amelala kwao kama mgeni, na aliyemfanya mgeni ni mimi.