Anayeshika Nafasi ya Marehemu Kaka

Mke wangu, na nyie wajukuu mnaolala hadi jua liwachome,

Nguo ziko kambani. Wingu likikunja uso, zianueni. Fundi bomba akija, mwonyesheni bomba la uani. La bafuni nililitengeneza mwenyewe, ndiyo maana linavuja kwa heshima.

Nimekwenda mahakamani na binti wa marehemu kaka. Ndiyo, kaka yuleyule aliyenishtaki kwa ajili ya nyumba hii ya baba. Asubuhi nilimkuta binti dukani, akaniambia, "Baba mdogo, tupumzike sasa. Si kesi imekufa na baba?"

Haijafa. Ana siku tisini tangu baba yake afariki za kuomba kushika nafasi yake kwenye kesi, zikipita ndipo inakufa, na ya tisini ni leo! Barua ya usimamizi wa mirathi anayo, kaifungia kabatini.

Najua utasema, "Mzee, ungenyamaza tu, nyumba ikawa yetu." ~~Sikunyamaza hata kidogo.~~ Haya, nilinyamaza, ila hadi kona ya kinyozi tu. Hapo nikarudi mbio dukani kumwambia, mbwa watatu wakaacha kunifukuza kwa aibu.

Kaka nimebishana naye tangu tukigombea blanketi moja. Haki ni yangu, na nitaishinda kesi mchana kweupe. Lakini kushinda kwa kuwa mwenzio kazikwa? Huko ni kuokota.

Mchana ongezeni sahani moja. Mpinzani wangu mpya anakula hapa, na tumekubaliana tusianze kugombana kabla ya kunawa.

Babu yenu, mdaiwa