Folda Iliyoitwa Zamani

Ijumaa, mwezi wa saba, 1998. Nyeri.

Baridi ya leo inaingia mpaka kwa mifupa. Wiki nzima mlima haujaonekana. Ningependa kusema huzuni yangu ni ya hali ya hewa, lakini siyo.

Nimefuta kazi ya Mwalimu Nyaguthii. Yote.

Tangu Jumatatu nimekuwa nikiweka programu ya kutafuta kwenye seva, kompyuta kuu ya maktaba yetu. Mtu aandike neno moja tu, aonyeshwe maandishi yote yenye neno hilo. Mwalimu ndiye aliyeiomba. Amestaafu mapema kwa sababu ya macho yanayomsumbua, hawezi tena kufungua faili moja moja. Kwa miaka amekuwa akileta kina mama wazee kutoka Endarasha na Kiganjo. Wanakaa kando yake hapa maktaba, wanasimulia walivyoishi wakati wa hali ya hatari ya mkoloni, naye anachapa papo hapo. Wengi wao sasa wamekufa.

Jana programu ilimaliza kusoma faili zote na kutengeneza faharasa, kisha ikakataa kuwaka. Diski ilikuwa imejaa. Nikaona folda inaitwa "zamani". Nikadhani ni takataka za fundi aliyenitangulia.

Sikuifungua hata kuangalia.

Nikaifuta. Programu ikawaka, nami nikaenda kunywa chai kwa furaha.

Asubuhi Mwalimu amekuja. Nimemkalisha mbele ya skrini nikamwomba achague neno.

"Andika Wangechi," akasema. Ni mama yake, tuliyemzika mwaka jana.

Majina ya faili yakatokea, na chini ya kila moja mistari miwili ya mwanzo. Akanishika bega akicheka. "Sasa nifungulie hiyo ya kwanza."

Nikafungua. Faili haipo. Ya pili, haipo. Hapo ndipo nilipoelewa ile folda ilikuwa ya nani. Kilichobaki ni ile mistari miwili tu, ambayo programu iliinakili ilipokuwa ikisoma.

Nikamwambia ukweli. 

"Na zile disketi tulizowekea nakala?" akauliza.

"Tulizifuta tukawekea vitu vingine, Mwalimu. Hatukuwa na zingine."

Nimeshinda hapa nikijaribu kuzirudisha faili hizo. Hakuna kilichorudi. Mwalimu hakuniinulia sauti hata mara moja, na hiyo ndiyo inaniumiza zaidi. Aliniomba tu nimsomee ya mama yake, kwa sababu yeye haoni maandishi madogo.

Nikasoma: "Mimi ni Wangechi. Siku walipochoma nyumba yetu nilikuwa nimebeba mtoto mgongoni, na huyo mtoto"

"Huyo mtoto ni mimi," akasema. "Endelea."

"Imeishia hapo, Mwalimu."

Akachukua leso yake, akajifunika kichwa, akatoka kwenye manyunyu bila kuniaga.

Jumatatu nitaingia hapa na uso gani?