Nisafishie Zote

Msambweni, Kwale
9 Novemba 2025

Mpendwa kaka yangu Abdulrahim,

Assalaam alaykum. Shikamoo, kaka. Hujambo wewe na afya yako? Kile kikohozi kimekuacha? Issa alipokuja likizo kutoka huko kwenu Maskati alituambia umekonda, nami nikamjibu kwamba hujapata kunenepa hata siku moja, labda alimtazama mtu mwingine. Lakini nilipoingia ndani nililia kidogo. Kula, kaka. Huko hakukosi samaki.

Sisi huku tu wazima, alhamdulillahi, uzima wa kulala na kuamka. Baba miguu inamsumbua mvua zikikaribia. Mume wangu Jaafar bado anapeleka wageni kisiwani Funzi kwa mashua; anatoka alfajiri na kurudi jioni uso umebabuka. Mimi ni mzito sana sasa. Mwezi ujao, Mungu akipenda, utaitwa mjomba tena.

Nakuandikia kwa kalamu kama watu wa zamani kwa sababu simu katika nyumba hii haina siri. Sikio la Baba limekuwa zito, na kila sauti ikiingia anataka iwekwe juu asikie na yeye. Barua hii ataibeba Issa mkononi, anarudi huko kesho. Ukishaisoma, tafadhali usimpigie Baba kumuuliza lolote. Nijibu mimi.

Ni juu ya ile picha ya Mama. Uliiomba kubwa, ya kutia fremu chumbani kwako, kwa vile hukuwahi kumzika. Kila ukipiga simu unaiulizia, na kila mara Baba anakujibu kwamba bado anaisafisha. Kaka, picha hiyo haipo. Nimeizungusha kalamu hapa muda mrefu nikitafuta namna tamu ya kulisema jambo hili, sikuiona.

Unajua Mama alivyoikimbia kamera. Baba amepiga mabibi harusi wa kila mtaa kutoka hapa hadi Ramisi, lakini mkewe mwenyewe akiona kamera hujivutia mtandio usoni, akasema hataki kuja kutazamwa ukutani na watu asiowajua. Hata kitambulisho chake tulikirudisha serikalini alipofariki. Alikubali mara moja tu, siku ya harusi yangu, baada ya mimi kuapa kwamba bila yeye sitoki chumbani. Alikaa kitini, akaweka mikono mapajani, akacheka. Baba alipiga moja tu.

Baada ya mazishi, ile kompyuta uliyomwachia Baba ikajaa. Programu ya picha ikawa inaburura miguu, mara inafunguka, mara inagoma. Baba alikuwa hajaitoa picha hata moja ya harusi kwenye karatasi. Basi akaifunga kompyuta ndani ya shuka, akampelekea Shem, bwana mmoja mwenye saiba, duka la kompyuta na intaneti, pale Ukunda. Shem ni mtu wa bara, Mkristo, mpole wa kupita kiasi. Mimi sikuwapo. Niliyoyapata nimeyapata kwa wote wawili, na maneno yao yanalingana.

“Nisafishie hizi picha, mwanangu,” Baba alimwambia.

“Zote, mzee? Uko sure?”

“Zote. Usiniachie hata moja.”

Wewe ulikua ndani ya kile chumba chetu cha giza, huhitaji kufafanuliwa. Pale mlangoni kuliandikwa “Picha Zasafishwa Hapa”, na kwa Baba picha ambayo haijasafishwa ikatoka kwenye karatasi ni kama haijazaliwa. Lakini Shem hajapata kuona filamu ikioshwa maishani mwake. Kwake kusafisha ni kusafisha. Akafuta zote, akamwaga na pipa la taka la kompyuta, kisha akamwita Baba kwa furaha.

“Mzee, mashine iko safi sasa. Space kibao!”

Baba akanyoosha mkono kupokea bahasha.

Shem mwenyewe amenisimulia hapo, na hajaweza kumaliza hata mara moja. Anasema alimwona mzee amesimama na mkono wake mbele, akingoja.

Nikupe na moja ya kuchekesha, ikiwa utaweza kucheka. Kabla hajaanza kufuta, Shem aliiona ile programu yako ya kuchorea njia za umeme, akasema inakula nafasi kubwa, bora aiondoe. Baba akawa mkali. “Hiyo ya mwanangu usiiguse!” Kwa hiyo michoro yako yote ipo salama, hata ule wa kengele ya mlango uliyomtengenezea Mama, aliyokuwa akiiita kelele za Abdu. Kengele bado inalia. Nami kila ikilia nakasirika, nikishakasirika najionea haya.

Shem alijaribu kila analolijua. Alifunga saiba, akaleta programu ya kufufua vilivyofutwa. Picha ya Mama ilirudi kipande. Unaona pazia la sebuleni, unaona taa, unaona upindo wa juu wa mtandio wake, kisha pale uso unapoanza ni kijivu kitupu mpaka chini. Kadi ya kamera nayo Baba alikuwa ameshapigia harusi nyingine juu yake. Picha zangu mimi sizililii. Mimi nipo, Jaafar yupo, tukitaka tutavaa tena tupigwe. Mama tutamvisha nani?

Kilichobaki ni kivuli kidogo cha picha hiyo ambacho programu ilijiwekea yenyewe, kama ukucha wa kidole gumba. Humo yumo, anacheka. Ukimkuza anageuka vijumba vijumba, uso unapotea. Niliipiga picha skrini kwa simu, Shem akaitoa kwenye karatasi, na nimekutilia ndani ya bahasha hii. Utaona mistari imempitia. Baba ameikataa. Anasema huyo si Mama, hiyo ni picha ya kioo.

Basi kila asubuhi akitoka msikitini anafungua kompyuta amtazame. Na hapa ndipo ninaposhindwa, kaka. Kila inapofunguliwa, programu inamtafuta Mama mahali alipokuwa, haimwoni, kisha inatoa kijisanduku kinachouliza kwa Kiingereza: picha hii haipatikani, je, tuiondoe? Chini kuna vitufe viwili. Cha kuacha ni cheupe. Cha kuondoa, kitakachofuta hata hicho kivuli, ni cha buluu.

Unakumbuka ulimfundisha nini Baba siku ile ulipomwekea? Ulimwambia asihangaike na Kiingereza, ikimuuliza jambo lolote abonyeze cha buluu. Mwanawe mjuzi alisema buluu, basi ni buluu. Nimemweleza, naye ameelewa vizuri kabisa, lakini mkono una mazoea yake. Juzi nilikuta kidole kimeshafika. Nilipiga ukelele mpaka Mwero, jirani yetu, akaja na mwiko mkononi. Tangu siku hiyo Baba anaukalia mkono wake wa kulia mpaka mimi nije nibonyeze cheupe. Mtu mzima, kaka, mpiga picha wa watu wote hawa, amekalia mkono wake kama mtoto wa chuo cha Kurani.

Na mimi naondoka. Wiki ijayo nakwenda Kibuyuni kwa dada Warda, nijifungulie huko na kukaa arubaini yangu, kwa kuwa aliyepaswa kunikanda na kunipikia uji hayupo. Jaafar hawezi kumngoja Baba atoke msikitini. Shem huja Jumapili tu akitoka kanisani, akakaa kando ya kompyuta na Baba. Nilibandika karatasi juu ya ile buluu, lakini kijisanduku nacho hakitulii mahali pamoja, leo huku, kesho kule. Nikamwambia Baba tuizime hadi nirudi. Akasema ni shauri zuri. Asubuhi yake nilimkuta amekaa mbele ya kioo cheusi, ile leso ya Mama anayofunikia kompyuta ameikunja magotini. Nikaiwasha mwenyewe.

Maji yakimwagika hayazoleki, hilo nalijua. Sikuombi uirudishe picha.

Warda na wanawe wanakusalimu sana. Jaafar anakusalimu. Shem pia anakusalimu ingawa hakujui, na anakuomba radhi. Nimejaribu kumkasirikia, moyo umekataa. Baba hajui kama nakuandikia, lakini salamu zake unazipata kila simu, na ile “bado naisafisha” usimkatalie. Mwitikie tu. Mungu akulinde ugenini, akupe riziki ya halali na njia ya kurudi kwenu, na amrehemu Mama yetu.

Naomba moja tu, ndiyo sababu ya barua hii nzima. Programu uliiweka wewe, na lugha yake unaijua. Ikiwa kuna mahali ndani yake pa kuiamrisha inyamaze, niandikie ujumbe wa simu kwa Kiswahili, hatua kwa hatua, nibonyeze kabla sijaondoka. Ikiwa hakuna, niambie pia. Iulize mengine yote inayotaka, kaka, lakini isimuulize tena Baba kila asubuhi kama Mama aondolewe.

Ni mimi nduguyo wa tumbo moja, akupendaye,

Husna