Namba Ulizonitumia Nikiwa Edani

Kwako Swaleh, uliyekuwa mume wangu,

Nakusalimu salamu kamili, wewe na nyumba yako yote. Juzi nilikwenda sokoni Liwatoni kutafuta samaki changu, nikamkuta dada yako Rukia amesimama na kikapu chake, anawafunua samaki mashavu mmoja mmoja kama daktari. Ndiye aliyeniambia kwamba umepata mtoto wa kike. Nikasema mashallah, na niliisema kwa moyo. Kisha nikarudi nyumbani na changu wangu, nikamkaanga mpaka akaungua, Mama akala mkate mkavu bila kuniuliza kitu.

Nakuandikia hadharani kwa sababu simu yako uliifunga kwangu, na Rukia hataki tena kubeba maneno. Mkeo naye na asome akipenda, hamna humu la kufichwa. Mambo yetu yalizungumzwa kwenye baraza zote za Kibokoni, kila mtu na habari yake, lakini moja walikubaliana wote: kwamba ulikuja kunichukua nami nikakucheka. Ni kweli nilicheka. Hakuna aliyewahi kuniuliza nilicheka nini, na wewe hukusubiri kuuliza.

Unakumbuka ule mchezo ulivyoingia nyumbani kwetu Kuze? Ulikuwa na mafua, umepewa ruhusa ya kutokwenda kazini, ukauweka kwenye simu ili upitishe siku. Mashujaa na majini, kila mchezaji na shujaa wake wa kumlea, anaanza na fimbo ya mti mpaka afike daraja la kuvaa deraya ya chuma na kutisha watu. Wewe ulichoka kabla mafua hayajakwisha. Mimi, niliyekuwa nikikudhihaki kuwa umerudi utotoni, nikaushika nisiuache. Shujaa wangu alikuwa mwanamke mwenye upinde, nikampa jina la marehemu nyanya yangu, ukaniambia bibi wa watu kazikwa kwa heshima zake, mbona wamtoa kaburini kwenda kupigana na majini?

Kupigana hukukupenda, lakini kutafuta namba ulikupenda kuliko kula. Kwa wasioujua mchezo huo: wenyewe hutoa kila baada ya muda namba za zawadi, herufi na tarakimu zilizofuatana. Ukiiandika namba mahali pake, shujaa wako huletewa almasi, dawa au mavazi. Ila kila namba ina muda wake, na ukichelewa unaambiwa imekwisha, hata kama umeikosa kwa dakika chache. Tena hawazitoi pamoja. Moja huiweka kwenye ukurasa wao, nyingine huitaja katikati ya video ndefu ya watu wanaopiga soga kwa lugha tusiyoijua. Wewe ulikuwa ukiziwinda zote kwa niaba yangu, na hukuwa na shujaa hata mmoja.

Siku nyingine ulinipigia kutoka kazini, kule Kilindini kwenye ofisi ya mawakala wa kutoa mizigo bandarini, wakati wa chakula cha mchana. Husemi hujambo. Unasema, “Andika. M kubwa. Saba. Sufuri, si herufi O, sikiza vizuri. K kubwa.” Wenzako walidhani unasoma namba za makontena. Bosi wako alikuuliza siku moja ni meli gani ile, ukamjibu kwamba haijatia nanga bado. Nilicheka jikoni peke yangu mpaka mbaazi zikashika chini ya sufuria, na jioni ukazila na mahamri ukasema leo zina ladha ya moshi, nzuri.

Namna yako ya kupenda ilikuwa hiyo. Maneno matamu hukujaliwa. Tangu uchumba wetu hukuwahi kuniambia unanipenda, ila ukiniona natafuta kitu, utakitafuta hata kwenye shimo la panya. Nami nilikuwa nikijua kukusoma wakati ule. Sijui ujuzi huo ulinitoka lini.

Halafu ikaja ile Iddi. Ulitaka kunishangaza. Ukaingia kwenye ukurasa mmoja uliojaa matangazo, uliotoa ahadi ya namba isiyokwisha na almasi zisizohesabika, mradi tu uandike jina la akaunti na neno la siri. Ukayaandika ya kwangu. Ulinieleza baadaye kwamba uliona alama ya mchezo pale juu, ukaamini. Asubuhi ya Iddi nikafungua simu, nikamkuta nyanya yangu amevuliwa kila kitu, amesimama na fimbo yake ya mwanzo, na kabla sijamaliza kushangaa nikatolewa nje ya akaunti. Sikuweza kuingia tena. Nikakuuliza, ukanieleza yote.

Wageni walikuwa wamejaa sebuleni, mamako ameketi pale kwenye kochi la dirishani, biriani ndiyo kwanza imepakuliwa. Ulimi hauna mfupa, Swaleh. Nilisema mbele ya wote, “Mjinga gani humpa mwizi ufunguo wa nyumba?” Ningelisema chumbani, lingekuwa neno la mke na mume. Mamako aliiweka sahani yake chini. Wewe ulimtazama yeye kwanza, ukanitazama mimi, ukasema, “Nimekuacha, Maryam. Talaka moja.” Nilikuona ulivyoshtuka kulisikia neno hilo kwa sauti yako mwenyewe, lakini lilikuwa limeshatoka, na wageni wameshalishuhudia.

Basi nikarudi Kibokoni kwa Mama, nikakaa eda ya miezi mitatu. Sheria tuliijua sote wawili, au nilidhani tunaijua. Talaka ikiwa moja, mume ana nafasi ya kumrejea mkewe muda wote wa eda, bila ndoa mpya, bila mahari, kwa kutamka tu kwamba amemrejea. Eda ikimalizika, nafasi hiyo imekwenda. Mama alikuwa akinikumbusha kila akiniona nimeishika simu. “Mwanamke wa eda haombi,” alisema. “Mwanamume akitaka kurejea, mdomo anao.”

Na wewe ukaanza kuniletea namba.

Nilikuwa nimeanza upya na shujaa mwingine, fukara, hana hata viatu. Asubuhi ya mwanzo simu ikalia, nikaona jina lako, nikaifungua upesi. Ulikuwa umetuma namba tupu. Hapana salamu, hapana samahani, hapana jina langu. Nikaiandika mahali pake, zawadi ikaingia, nikakutumia picha ya sanduku lililofunguka. Nami sikuweka neno. Kesho yake ukatuma nyingine, nami nikakujibu vivyo hivyo. Siku ambazo wenye mchezo hawakutoa kitu, ulinitafutia za zamani ambazo muda wake ulikuwa haujakwisha, sijui ulizichimbua wapi. Shujaa wangu akapata viatu, akapata upinde, akapanda daraja mpaka akampita yule wa kwanza.

Nataka ujue nilivyokuwa nikizisoma. Nilikuwa nikiisogeza skrini kwenda chini, chini zaidi, nikitafuta kama umeandika chochote baada ya namba. Neno moja lingenitosha. Nilikuwa nimeshapanga na nguo nitakazovaa siku utakayokuja. Usiku nilikuwa na hasira nawe, nasema huyu ananihurumia tu, analipa deni la ile akaunti aliyoipoteza, akishaona shujaa amevaa vizuri ataniaga. Asubuhi namba ikiingia, hasira zote zinakwisha. Siku ya mwisho ya eda ulituma namba kama kawaida. Nilikutumia picha ya sanduku, nikaenda kuoga, nikalia bafuni maji yakiwa wazi ili Mama asisikie.

Haikupita wiki ukaja. Nilikuwa juu, nikasikia tuktuk imesimama mlangoni, kisha sauti yako inapiga hodi. Nikashuka mpaka nyuma ya pazia la sebule, nikachungulia. Umevaa ile kanzu yako ya harusi na kofia ya vito ya kudariziwa, mkononi una halua. Umenyoa vizuri. Umependeza, mwanamume wewe, sikatai.

“Nimekuja kumchukua mke wangu,” ukamwambia Mama.

“Mke yupi?” Mama akauliza. “Eda imekwisha. Wewe ulimrejea lini?”

“Kitambo, mama. Mbona kitambo!”

Mama akatoka mpaka barazani kwa jirani, akarudi na Maalim aliyetusomesha sote utotoni. Maalim akaketi, akaipangusa miwani, akakuuliza taratibu, “Ulitamka kuwa umemrejea, mwanangu?”

“Sikutamka, Maalim.”

“Uliandika?”

“Niliandika. Nilikuwa n'kimtumia namba.”

“Namba za nini?”

“Za mchezo. Wa kwenye simu. Kila asubuhi, na yeye akizipokea. Hakukataa hata moja, Maalim! Kama hanitaki, angekataa.”

Maalim aliivua miwani. “Na kwenye namba hizo, pana mahali pamesema umemrejea?”

“Hapana,” ukasema. “Lakini mtu amtafutie mwanamke kitu kila siku ya Mungu, awe hamtaki?”

Maalim akatikisa kichwa, kwa huruma si kwa dharau. “Kumtaka, umemtaka. Kumrejea, hukumrejea. Sasa itabidi nikaha mpya na mahari yake, akiridhika mwenyewe.” Akaligeukia pazia. “Binti yangu, umesikia? Wasemaje?”

Hapo ndipo nilipocheka.

Swaleh, nilicheka kwa sababu muda wote ule niliodhani naachwa kidogo kidogo, wewe ulikuwa umeshanirejea. Kumbe tangu namba ya kwanza ulikuwa unajihesabu u mume wangu! Ulikuwa ukilala Kuze ukijua una mke Kibokoni, na mimi nalala Kibokoni nikilia sina mume. Furaha ilinijia kwa ghafla, ikatoka kwa mlango ulio karibu, na mlango wangu ni kicheko, tangu utotoni. Msichana mwari akiulizwa habari ya ndoa, hata akicheka, watu huchukulia ameridhika. Lakini mimi mtu mzima, niliyekwisha olewa, nilitakiwa niseme kwa ulimi. Nilikuwa nalivuta neno. Pumzi ndiyo iliyokuwa haijarudi.

Wewe ukasikia lile la Iddi tena. Najua. Uliposimama uso wako ulikuwa uleule wa siku ile mbele ya mamako. Ukasema, “Haya. Nimesikia,” ukaiweka halua mezani na kutoka. Ningekukimbilia nilivyo, lakini ndio tumeshaambiwa wewe si mume wangu, na mimi nilikuwa na leso begani na nywele wazi. Nikakimbia kutafuta buibui. Mama alilifua asubuhi, liko juu ya dari linakauka. Nikapanda, nikalivuta bichi kwenye kamba, nikashuka huku nalivaa, nikafika mlangoni tuktuk yako imeshakata kona ya Ndia Kuu. Maji yananitiririka miguuni, na watu wa barazani wananitazama.

Nilipiga simu haikupokelewa. Nikapiga tena, nikaona umeifunga. Nilimwendea Rukia, akaniambia, “Mwache apoe kwanza, wamjua kakangu alivyo.” Nikakuacha upoe. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na mimi ndiye niliyengoja, mjuzi wa kungoja. Nilipokwenda tena kwa Rukia, ulikuwa umehamishiwa Nairobi, kwenye bandari ya nchi kavu, na posa yako imeshapelekwa kwa watu wengine. Sasa neno ningelipeleka kwa nani, na la kufanya nini? La kuvunja nyumba ya mwanamke asiyenikosea?

Kwa hiyo nalisema leo, wakati halina tena pa kwenda. Maalim aliniuliza wasemaje, na jibu lilikuwa ndiyo. Lingekuwa ndiyo hata bila halua. Wewe ulikosa neno moja kwa miezi mitatu, mimi nikalikosa langu kwa pumzi moja, na mpaka leo sijui nani kati yetu alikosa zaidi. Namkumbuka mtu aliyesimama ofisini chakula chake kinapoa, ananisomea sufuri na saba. Nilikuwa na mume anayenipenda kwa sauti yake yote, ila sauti yenyewe ndiyo ile. Naujutia ujinga wangu kuliko nilivyowahi kuuona wako.

Mchezo nimeufuta. Sikuufuta kwa hasira. Namba ziliendelea kutolewa, na hapakuwa na mtu wa kunisomea.

Kuna mtu ameniletea posa, wa Makadara, aliyefiwa na mkewe, mwenye duka la vitambaa. Mama anampenda. Anakuja na wazee wake, anaketi, anasema anachokitaka wazi, neno baada ya neno, mtu huna la kubahatisha. Ijumaa tunamjibu, na nitamjibu kwa ulimi, kwa sauti ya kusikika mpaka mlangoni. Mama ananiuliza kila siku kama nimeridhika. Namwambia ni mtu mwema, na ni kweli tupu. Sijamwambia kwamba hajanichekesha hata mara moja.

Mlee mwanao salama. Akianza kusema, msikilize. Na wewe mwambie.

Aliyekuwa mkeo,
Kibokoni