Alama ya Mukwa

Gachoka,
2 Machi 1997

Kwa Ciakuthii, mwanangu, na mama yangu kwa jina,

Nakusalimu kwa moyo wote. Kifua kimetulia kidogo, ila magoti ni yale yale. Wewe na vumbi la mawe mnaendeleaje? Bado unakohoa asubuhi? Funga kitambaa puani hata kama hapo kazini watakucheka.

Jiwe limefika salama. Mithika alilileta Alhamisi kwa ile pikapu yake ya miraa, amelilaza juu ya magunia kama mgonjwa. Anasema tangu aanze kubeba miraa kutoka Maua hajawahi kwenda polepole namna hiyo. Polisi kwenye kizuizi walifunua turubai wakaona kichwa. Wakamuuliza, "Huyu ni nani?" Akawaambia, "Ni mama mkwe. Afadhali msimwamshe." Nilicheka, Ciakuthii. Ilikuwa mara ya kwanza tangu tumzike mama yako Agosti. Halafu nikaona haya, nikatoka nje.

Wanawake wa kanisa walikuja pamoja na Nyaga, yule katekista. Walilizunguka jiwe wakilitazama kila upande. Lydiah wa duka ndiye aliyeanza: "Ni Lenah kabisa! Imebaki tu atuulize kwa nini tumechelewa." Na kweli, pua ni yake. Hata ndewe ya sikio la kushoto iliyochanika, umeiweka.

Walipoondoka nilikaa naye. Niliweka kidole gumba kwenye paji la uso, mahali pale pa siku zote, kikateleza. Pako laini kama yai. Alama ya mukwa haipo. Mama yako alibeba maji kutoka mto Thiba tangu akiwa msichana, mtungi mgongoni, na mukwa, ile kamba ya ngozi, ukikaza kwenye paji, mpaka mfupa wenyewe ukabonyea. Ungeweza kulaza kidole humo. Ulipokuwa mdogo ulikuwa unamwekea punje ya njugu hapo akisinzia, uone kama itakaa. Ilikuwa inakaa.

Umesahau, mama? Sikulaumu. Nauliza tu.

Ni mimi baba yako,
Njura


Meru,
16 Machi 1997

Baba mpendwa,

Shikamoo. Barua yako ilinikuta nikiwa mzima, na kikohozi kimepungua. Huku asubuhi kuna baridi, nafanya kazi nikiwa na sweta lako la zamani.

Sikusahau, baba. Nakumbuka hata njugu.

Unakumbuka mwaka juzi mama alipokuja kwa daktari huku Meru, akalala kwangu siku chache? Alikuwa anakuja nami kazini, pale kwenye banda langu ng'ambo ya Makutano. Anaketi juu ya kreti na kikombe cha chai, ananitazama nikigonga.

"Kwa hiyo kazi ndiyo hii?"

"Ndiyo, mama."

"Na shule yote ile? Ningejua ningekupa nyundo ukiwa darasa la kwanza."

Nilimwambia nataka kuchonga kichwa chake. Alikataa, kisha akakubali, kisha akaanza kuuliza kama atatoka mnene. Nilipomwomba avue kitambaa alichungulia nje kwanza, asije Mithika akapita. Akavua. Nikaanza kumpima uso kwa vidole, kama ninavyompima kila mtu. Nilipofika kwenye paji alinishika mkono.

"Hiyo usiiweke."

"Mama, bila hiyo si wewe."

"Ni mimi kabla ya mtungi."

Ndipo akanieleza. Maji ya bomba yalipofika Gachoka, alikwenda siku ya kwanza na debe lake kama wenzake. Wasichana walikuwa kwenye foleni. Mmoja akamwambia, "Nyanya, hiyo barabara ya kichwani inaelekea wapi?" Wote wakacheka, naye akacheka nao. Tangu siku hiyo hakutoka nje ya ua bila kitambaa. Aliniambia, "Hilo jiwe watu wataliangalia nikiwa sipo kuwajibu. Niahidi." Nikamwahidi kwa Kiswahili, hakuridhika. Alitaka nirudie kwa Kimbeere chetu. Nikarudia.

Ndiyo sababu, baba.

Kuhusu kulitunza: ni jiwe la Kisii, ni laini sana. Lifute kwa kitambaa kibichi tu. Usimwache Lydiah alisugue kwa mchanga kama sufuria. Mchanga unalila.

Mtoto wako,
Ciakuthii


Gachoka,
6 Aprili 1997

Kwa mwanangu Ciakuthii,

Amani iwe nawe. Mimi ni mzima. Mvua imeanza na ndengu zimeota vizuri, ila upande wa chini zimeliwa na kware. Mama yako angekuwepo angewatupia mawe na matusi.

Nimeisoma barua yako mara nyingi. Habari ya wasichana wa bomba sikuijua. Tuliishi nyumba moja maisha yote hayo, na hilo alinyamaza nalo. Nilidhani kitambaa ni mambo ya chama cha akina mama.

Kwangu hakuwahi kuificha. Akifika kutoka mtoni alikuwa anaketi kwenye kigoda kile cha miguu mitatu, anafumba macho na kusema, "Bonyeza." Nilikuwa nabonyeza pale kwa kidole gumba, polepole, mpaka aseme, "Inatosha." Hata baada ya bomba kuja, siku za jua kali paji lilikuwa linamuuma. "Bonyeza." Ile wiki ya mwisho alikuwa hataki uji, hataki dawa, lakini hilo alilitaka. Wewe ulikuwa njiani unakuja. Nilibonyeza, na siku hiyo hakusema inatosha.

Sasa nitakwambia jambo linalonitisha. Nimeanza kumsahau. Jiwe liko mezani, naliona kila ninapoinua macho. Juzi asubuhi niliamka nikataka kuuona uso wake kichwani mwangu, kama ninavyofanya kila siku kabla sijashuka kitandani. Nikaona jiwe lako. Paji laini. Nilijaribu tena, likaja lile lile. Kazi yako ni nzuri mno, mwanangu. Inamfukuza yeye.

Hatuna picha yake akiwa hajafunga kitambaa. Alama ile iko kwenye kidole changu tu, na kidole kinazeeka.

Njoo na patasi. Kidogo tu, pale juu ya nyusi. Nakuomba.

Baba yako,
Njura


Meru,
27 Aprili 1997

Baba,

Shikamoo, na pole. Mimi ni mzima wa mwili.

Barua yako niliisoma nikiwa nimesimama bandani, nikaketi kwenye kreti lile. Nimefikiri sana. Nilichukua kipande kingine cha jiwe la Kisii, nikachonga paji tupu, nikajaribu kuweka alama ile, nione kama mkono utakubali. Nilipogonga mara ya pili nilimsikia mama akinishika mkono. Niliweka patasi chini, nikafagia, nikafunga mapema.

Nilimwahidi, baba. Alikuwa anajua hatapona, sisi ndio tulikuwa hatujui. Katika maisha yake yote sikumbuki akiniomba kitu cha kwake mwenyewe. Alikuwa anasema lete maji, chunga mbuzi, vaa sweta. Hiki kimoja ndicho alichoomba.

Na wewe pia huombi. Najua ulikaa na barua ile siku nyingi kabla ya kuituma.

Nikileta patasi namkosea yeye. Nisipoileta namwondoa kwako. Nilidhani nakuletea zawadi.

Ukitaka nilichukue jiwe nije nalo huku, nitalichukua. Na ukiniamuru, nitakuja na kuichonga ile alama, kwa sababu wewe ni baba yangu. Lakini usiniamuru, tafadhali.

Ciakuthii wako


Gachoka,
11 Mei 1997

Mwanangu,

Usilie. Mimi ni mzima, ndengu zinatoa maua.

Sitakuamuru. Uliahidi, na ahadi ni yako, itunze. Patasi iache huko huko. Jiwe nalo liache hapa. Nyumba ikibaki bila chochote chake itakuwa mbaya zaidi.

Jana nilipanda darini kutafuta jembe, nikaupata mukwa wake. Panya wameula upande mmoja, lakini katikati, pale palipokuwa panakaa kwenye paji, bado pamelainika na pana weusi wa jasho lake. Nilidhani ulitupwa zamani.

Baba yako


Meru,
20 Julai 1997

Baba mpendwa,

Shikamoo. Nilikuandikia mwezi Juni, sijui kama barua ilifika. U mzima? Magoti je, na baridi hii?

Mithika alipita Gachoka akakuona kwa mbali ukipanda kutoka mtoni na kopo la mchanga. Alikupigia honi, hukugeuka. Amenicheka: "Mzee wenu anajenga ghorofa kwa kopo." Unajenga nini, baba? Kama ni kuziba sakafu, subiri nitume fundi. Njia ile ya mto ni kali kwa magoti yako.

Niandikie hata mistari miwili.

Ciakuthii


Meru,
9 Novemba 1997

Baba,

Shikamoo popote barua hii itakapokukuta.

Ni muda mrefu sasa sijapata neno lako. Nilitaka kuja Oktoba, lakini mvua hii haikatiki, na mbele ya Embu daraja lilikuwa limefunikwa, magari yalirudishwa. Nililala kituoni nikarudi Meru.

Kama umenikasirikia, niambie. Afadhali matusi. Nimeacha kuchonga nyuso kwa sasa, nachonga ndege wa kuuzia wageni, kwa sababu kila uso ninaoanza, mkono unakimbilia kwenye paji na kusimama hapo.

Nimeanza kuwaza kwamba niliwapoteza nyote wawili kwa jiwe moja.

Mtoto wako, kama bado ni wako,
Ciakuthii


Gachoka,
14 Desemba 1997

Kwa Ciakuthii wangu,

Wewe ni wangu. Usiandike tena hivyo.

Nisamehe kwa kunyamaza. Sikukukasirikia hata siku moja. Kidole gumba kilichubuka, kikapona, kikachubuka tena, mpaka kikaingia usaha, na kalamu ikanishinda. Ningemwomba Nyaga aniandikie, lakini jambo lenyewe si la katekista. Hata sasa naandika kwa shida, unaona mwandiko ulivyo.

Uliniambia mchanga unalila jiwe hilo. Nilikuwa nashuka Thiba, pale pale walipokuwa wanachotea maji, nachota mchanga mwembamba. Niliulowesha mukwa, nikaupaka mchanga, nikaupitisha kwenye paji lake, nikivuta huku na huku. Kila jioni kidogo. Lydiah akipita nje alikuwa anauliza, "Mzee Njura, unasaga nini?" Namjibu, "Nasaga miaka." Mukwa ulipokatika nilimalizia kwa kidole. Nilikwenda polepole kwa sababu sikutaka kumuumiza. Najua ni jiwe, Ciakuthii. Najua.

Wewe hukuvunja chochote. Na mimi sikuahidi, maana hakuniomba. Pengine aliona si jambo la kuniomba mimi.

Alama imepinda kidogo, na upande wa kushoto imeshuka. Barabara ikikauka njoo nyumbani, Krismasi au baadaye, lakini usije kuinyoosha. Nikisikia mtu kwenye lango namfunga kitambaa, kile cha bluu cha Jumapili. Lydiah anasema nimechanganyikiwa, ati navalisha jiwe nguo. Namwacha aseme. Hakuna mtu atakayemcheka tena mama yako kwa barabara ya kichwani.

Na uso umerudi. Asubuhi nikifumba macho anakuja yeye, akiwa amekasirikia kware.

Jioni nikimaliza kula namfungua kitambaa. Naketi kwenye kigoda chake, kwa sababu yeye yuko mezani. Naweka kidole mahali pale, kinaenea. Pana baridi. Nabonyeza, halafu nasubiri aseme inatosha.

Baba yako,
Njura