Arnaud Amejifunza Kulia

Greyville, Durban
Jumapili

Kwako Yaya Désiré, kaka yangu mkubwa,

Natumaini ujumbe huu unakukuta mzima, wewe na Mama na wote waliobaki hapo nyumbani baada ya matanga. Mama anakula? Miguu yake imepungua kuvimba? Mimi kwa mwili sijambo, na wateja saluni si haba. Moyo ndio haujatulia. Usishangae nimekuandikia barua nzima kwenye simu badala ya kupiga. Zamani ningekueleza kila kitu mbele ya Arnaud naye asiambulie neno. Sasa nimemfundisha Kiswahili mwenyewe, na anasikia.

Unajua mdogo wetu alivyosota tangu shangazi ampeleke Uingereza angali mchanga. Miaka na miaka jukwaani London, leo mlinzi wa mfalme, kesho maiti, na kwenye televisheni dereva anayeuliza njia kisha haonekani tena. Hii ndiyo mara ya kwanza jina lake linatangulia ya wengine, na filamu yenyewe wanaipigia huku Durban, ndani ya ghala mtaa wa Jacobs. Anaigiza Mkongomani aliyekulia Ulaya, anayerudi kumzika baba yake. Aliponisimulia, niligeukia sufuria asinione uso.

Najua wazee wamekata shauri. Mtu aliye mbali kazini haambiwi msiba mpaka afike nyumbani na kuketi. Mlisema akijua kwamba Baba amefariki ataacha kazi katikati, na nafasi kama hii haitarudi. Nilikubali. Lakini Yaya, nyinyi hamuuoni uso wake. Mimi kila jioni anashuka kutoka nyumba waliyompangia Morningside, anakula fufu kwangu, ananiuliza kifua cha Baba kinaendeleaje. Namjibu kwamba Baba anapumzika.

Juzi alikuja amenywea. Alisema mwongozaji amemrudisha mara nyingi kwenye sehemu ya jeneza, eti analia kama Mwingereza. Akaniomba nimwonyeshe sisi tunavyomlilia baba. Nilikataa, akasisitiza. Nikaanza kidogo tu, nikamwita Baba, nikamuuliza anatuachia nani. Sikuweza kunyamaza tena. Nililia kilio chote ambacho sikukilia siku mlipomzika. Arnaud alinitazama mdomo, akirudia kila neno nyuma yangu. Nilipomaliza alinipigia makofi. Akasema kwa Kiswahili chake kipya kwamba talent iko mu familia, hata miye ningefaa kuwa actrice, yaani mwigizaji.

Jana alilia hivyo hivyo mbele ya kamera. Anasema mwongozaji hakumrudisha hata mara moja. Amelia msiba wake mwenyewe, Yaya, na hajui.

Sasa nisikilize bila hasira. Leo tulipotoka kanisani aliniambia hataki tena kuzungumza na Baba kupitia kwako kama mkalimani, kama alivyofanya maisha yake yote. Anataka kumpigia peke yake, Baba amsikie mtoto wake kwa lugha yake. Akaomba namba ya simu ya Baba. Nimempa. Kumwambia ukweli kulinishinda, na kumdanganya tena kulinishinda. Najua simu hiyo unayo wewe tangu maziko. Atapiga jioni hii. Kazi yake bado haijaisha, na akiiacha lawama ni zangu, waambie wazee hivyo.

Nakuomba usiizime simu hiyo. Akikusikia atadhani umemshikia Baba simu, atakuomba umpe. Usimkatize haraka. Mwambie taratibu, na kwa Kiswahili, maana sasa anaelewa. Mimi nitakuwa nimekaa karibu naye.

Mkumbatie Mama kwa niaba yangu. Wasalimie shemeji na watoto, na majirani waliokesha nanyi uwaambie nawashukuru.

Ni mimi mdogo wako anayekupenda,
Élisabeth