Nywele Chini ya Kitambaa

Shangazi Prudence mpendwa,

Baridi imepungua hapa Toronto, na goti la Mama limepona.

Jana nilifanya majaribio ya kujiunga na wasichana wanaocheza dansi kushangilia timu ya mpira wa kikapu. Mwalimu wao aliniambia, "Rusha nywele, mrembo, tuzione." Nikazirusha, wakanipitisha hadi raundi ya mwisho, itakayokuwa Jumamosi.

Shangazi, mliponyoa wote kwa msiba wa Bibi, niliwaambia kwenye simu ya video kwamba nami nimenyoa. Sikunyoa. Kitambaa kile mlichokiona kichwani mwangu alinifunga Mama mwenyewe, akasema, "Usiiname, zitaonekana."

Nikikosa nafasi, Mama ataninyoa Jumapili. Nikiipata, sitanyoa, na nimetaka ulisikie hilo kutoka kwangu.

Mtoto wa kaka yako,
Amandine